Nairobi hadi Bodo na kurudi: siku sita kwa kura moja

Nayaandika haya mwanzoni mwa Januari 2021, nimesharudi Nairobi, kutoka kwenye daftari dogo nililokuwa nalo mkobani na picha zilizobaki kwenye simu. Wenzangu kadhaa wa kazini ambao kura zao ziko mbali waliniuliza safari ilikuwaje na ilinigharimu kiasi gani, basi nimeona niiandike yote mara moja.

Kwa asiyejua, mbunge wetu wa Msambweni, kusini mwa Pwani ya Kenya, Suleiman Dori, alifariki tarehe 9 Machi 2020. Haikupita wiki, corona ikaingia nchini, na uchaguzi mdogo wa kujaza kiti chake ukasukumwa mbele mpaka ukapangiwa tarehe 15 Desemba. Katiba inataka uchaguzi wa namna hii ufanywe ndani ya siku 90 tangu kiti kibaki wazi. Sisi tulikaa miezi tisa bila mtu wa kusimama Bungeni akataja jina la Msambweni.

Nairobi nilikuwa naambiwa nisijisumbue. Atakayeshinda atakaa miezi ishirini tu, uchaguzi mkuu ni Agosti 2022. Magazeti nayo yalikuwa yameshaamua kwamba hii ni vita ya wakubwa: Naibu Rais William Ruto na Gavana Salim Mvurya wa Kwale wako nyuma ya Feisal Bader, mgombea huru, naye Raila Odinga na Gavana Hassan Joho wa Mombasa wako nyuma ya Omar Boga wa chama cha ODM. Ukisoma kurasa zile ungedhani Msambweni haina watu, ina uwanja tu wa watu wengine kupimana nguvu.

Kisha nyanya yangu akapiga simu kutoka kijijini kwetu, Bodo. Alisema maneno machache: "Marehemu kaburi lake lishaota nyasi, na kiti chake kingali wazi. Njoo unipeleke." Kesho yake nikaomba ruhusa kazini.

Jumamosi, 12 Desemba: Nairobi – Mombasa – Ukunda

Siku ya Jamhuri. Nilitaka treni lakini tiketi za wikendi hiyo zilikuwa zimekwisha, kwa hiyo nikachukua basi la saa moja asubuhi, nauli 1,500. Kwa ajili ya corona kila mtu alikaa na kiti kitupu ubavuni, na kabla ya kupanda tulipimwa joto na kunawa mikono kwa sabuni ya maji kwenye dumu lenye mfereji.

Mpaka Emali hakuna la kusimulia. Tulipopita Kibwezi basi likaanza kutoa moshi mbele, dereva akaliweka kando, akafungua, akatikisa kichwa. Saa tatu nzima tulikaa hapo. Jua la Desemba sehemu zile halina huruma, na kivuli kilikuwa kimoja, cha mti wa mgunga upande wa pili wa barabara. Hapo palikuwa na mama wa Kikamba akiuza mahindi ya kuchemsha na maji ya kunywa kwenye chupa zilizotumika. Alipoona watoto wamekuwa wengi aliacha kuuza maji, akawa anawamiminia tu kikombe baada ya kikombe. Baba mmoja akataka kumlipia wote, akakataa: "Lipa mahindi. Maji ya mtoto siuzi." Nilinunua mahindi mawili kwa shilingi 40, na hayo ndiyo yaliyonifikisha Voi.

Kilichonitia wasiwasi ilikuwa saa. Kafyu ilikuwa inaanza saa nne usiku mpaka saa kumi alfajiri, na kutoka Mombasa bado nilikuwa na kivuko na karibu kilomita sitini mbele. Tuliingia Mombasa saa moja na robo usiku. Nikachukua matatu hadi Likoni kwa shilingi 50, nikateremka ule mteremko wa feri pamoja na mamia ya watu, barakoa usoni na mizigo kichwani. Anayevuka kwa miguu halipi kitu. Daraja la kuelea la Liwatoni lilikuwa karibu kufunguliwa, na kila mtu kwenye feri alikuwa na maoni juu yake.

Ng'ambo, matatu za Msambweni zilikuwa zimekwisha. Iliyobaki ilikuwa ya Ukunda, shilingi 150. Makanga, kijana wa miaka ishirini na kitu, aliniuliza ninakoishia. Nilipomwambia Bodo akanitazama, akatazama saa yake. "Dada, hapo hufiki leo. Una mtu Ukunda?" Sikuwa naye. Hakusema kitu tena. Njia nzima, Ngombeni, Tiwi, mpaka tunaingia Ukunda, mimi nilikuwa nahesabu hela za chumba. Mabango ya wagombea yalikuwa yanapita kwenye mwanga wa taa, mengine mapya kabisa, mengine yamebandikwa juu ya wenzake mara tatu, nne.

Tuliposhuka, saa tatu na nusu imepita, makanga alimpa dereva hesabu yake kisha akabeba mkoba wangu. "Nakupeleka kwa mama. Nimeshampigia." Nyumba ilikuwa nyuma ya soko, mwendo wa dakika tano. Mama mwenyewe alikuwa mlangoni na leso kichwani, akaniuliza jina la nyanya yangu na la babu, akafikiri kidogo, akasema haijui nyumba yetu ila Bodo amewahi kuzikia. Ikatosha. Nililetewa sima na mchuzi wa papa uliobaki, nikaoneshwa kitanda cha binti yake aliyeolewa.

Kabla ya kulala tulizungumza kibarazani kwa sauti ya chini. Alisema kutwa nzima magari ya vipaza sauti yalikuwa yakizunguka kwa sababu kampeni zinafungwa. "Kumekuja wageni wengi mwezi huu. Kila mmoja anatuambia anatupenda. Mimi nataka kujua nani atakuwepo Januari."

Kwa mwenye kufuata njia hii: ukitoka Nairobi kwa basi la mchana, usipange kufika kusini mwa Ukunda siku hiyo hiyo kama kuna kafyu. Tafuta chumba Likoni au Ukunda mapema. Mimi niliokolewa na mtu, na mtu kama huyo huwezi kumpanga.

Jumapili, 13 Desemba: Ukunda – Bodo

Mahamri na mbaazi za nazi saa moja asubuhi. Nilijaribu kuacha noti ya mia tano chini ya sahani, mama akaifuata mpaka barabarani akaitia kwenye mkoba wangu mwenyewe. Mwanawe alikuwa ameshaondoka kwenda kazini, hata sikumshukuru vizuri.

Matatu ya kwenda kusini, shilingi 150 mpaka njia panda yetu. Hapa barabara ya Lunga Lunga ni nzuri, lami tupu, minazi pande zote mbili, na pikipiki zimebeba maembe kwa magunia. Ni msimu wake. Gari lilikuwa na utulivu ambao sikuuzoea. Sheria inazima kampeni saa 48 kabla ya kura, na baada ya kelele za wiki nzima watu walikuwa wanaongea kama waliotoka msibani.

Kutoka njia panda ni bodaboda, bei ilikuwa shilingi 100, njia ya udongo mpaka baharini. Mwenye pikipiki alinichunguza mkoba na viatu, akauliza nimetumwa na nani. Nikadhani sikumsikia vizuri. "Na chama gani?" akarudia. Mwezi ule kila aliyeshuka kutoka Nairobi alikuwa ametumwa. Nikamwambia nimetumwa na nyanya yangu, nikamtaja. Alicheka, akasema basi nauli ni themanini.

Nyanya alikuwa chini ya mwembe anashona makuti. Nilikaa nikamtazama kabla hajaniona, maana masikio yake yamepungua. Anachukua majani ya mnazi yaliyolowekwa, mawili matatu kwa pamoja, anayakunja juu ya ufito, anapitisha uzi wa jani, anavuta, anabana kwa kidole gumba. Kisha mengine. Hatazami anachofanya. Kazi hiyo ameifanya kabla mama yangu hajazaliwa, na ncha za vidole vyake zimekuwa laini zinang'aa kama kipini cha jembe la zamani.

Nyuma yake rundo la makuti lilikuwa refu kuliko nilivyowahi kuliona. Wanunuzi wake wakubwa ni hoteli za Diani, na mwaka huo mzima wageni hawakuwapo, hakuna aliyeezeka upya. Nilimuuliza kwa nini basi anaendelea kushona. Akasema watarudi, na wakirudi watataka paa.

Mchana wali wa nazi, samaki wa kukaanga, na mboga ya mtsunga iliyochemshwa mpaka uchungu wake ukapungua. Jioni wakaja majirani, na mazungumzo yakawa ya kiti. Sikusikia mtu akitaja 2022. Walitaja ardhi, maana huku kila nyumba ina kesi au ina ndugu mwenye kesi, tangu mashamba ya miwa ya Ramisi mpaka sehemu za machimbo. Walitaja wavuvi na nyavu. Walitaja karo. Mzee mmoja alisema tangu Machi barua zao wanazipeleka lakini hawajui wanampelekea nani. Kuhusu mgombea yupi, walinyamaza kwa adabu mbele ya mgeni, ingawa mgeni mwenyewe ni mimi niliyezaliwa pale.

Jumatatu, 14 Desemba: Bodo

Asubuhi nilikwenda shuleni kuhakikisha majina yetu. Sajili ilikuwa imebandikwa nje, na hapa nina neno kwa wenye kupiga kura mbali na wanakoishi: fika siku moja kabla, utazame jina lako mwenyewe kwa macho. Shule yenye wapiga kura wengi hugawanywa vyumba kwa herufi za majina, na mtu anaweza kupanga foleni saa nzima kwenye mlango usio wake. Mimi na nyanya tulikuwa vyumba viwili tofauti. Tena chukua kitambulisho kile kile ulichojiandikishia. Kijana mmoja pale alijiandikisha kwa pasipoti akaiacha Mombasa. Ilibidi aifuate siku hiyo hiyo.

Halafu nikashuka ufukweni, na hapo nikakuta jambo ambalo picha yake ndiyo ninayoipenda kuliko zote. Mwezi ulikuwa umekwisha kabisa, bamvua, kwa hiyo saa nne asubuhi bahari ilikuwa imekupwa mbali sana, mashua zimelala ubavu kwenye matope. Juu ya mchanga, chini ya mti wa mkungu, walikuwa wameketi makarani wa tume ya uchaguzi na askari wawili, na katikati yao vifaa vya kura vya kisiwani Funzi, vimefungwa kwa karatasi ya plastiki. Walikuwa wanasubiri maji.

Hakuna cha kufanya na maji. Nahodha wa mashua, mzee aliyejifunga kikoi, alimwambia kiongozi wao kwa upole kwamba hata Rais angekuwapo hapo angesubiri. Akina mama wakatoa mikeka. Mtu akaleta madafu. Askari mmoja, kwa lafudhi alikuwa wa bara, hakuwahi kunywa dafu kwa kutoboa tu, akamwagikia kifuani, na kijana wa kijiji akamfundisha kushika. Karani msichana hakuondoa mkono wake juu ya mzigo ule muda wote, hata alipokuwa anakunywa.

Maji yalianza kurudi adhuhuri. Alasiri mashua ilielea, wakavua viatu, wakakunja suruali, na vile vifurushi vikavushwa juu ya vichwa na mabega, maji yakiwa magotini, mkono kwa mkono, wanakijiji wanne na askari mmoja kwenye mstari. Sikusikia mtu akiuliza mwenzake ni wa chama gani.

Ukipata nafasi ya kufika Bodo kwa matembezi, uliza maji kwanza. Safari ya Funzi kwa mashua ni nzuri sana, mikoko pande zote, lakini bahari ndiyo inayotoa ratiba, na bei mpatane kabla ya kupanda.

Jumanne, 15 Desemba: kura

Nyanya aliamka saa kumi, kafyu ilipoisha tu. Nilimsikia anaoga. Alivaa dera la Idi na leso mpya, akapaka mafuta miguu, akaketi kitandani na kitambulisho mkononi kusubiri kuche.

Vituo vilifunguliwa saa kumi na mbili. Tulikuta foleni ya watu kama thelathini, mistari ya chokaa imechorwa chini kutenganisha mtu na mtu, maji na sabuni mlangoni, kipima joto. Askari alipomwona nyanya akamwita mbele. Nilikuwa nimejiandaa kuomba, haikuhitajika. Watu wenyewe walikuwa wameshasogea.

Niliruhusiwa kumshika mkono hadi kwenye meza. Karani, kijana mwenye sauti ya chini, akamwambia: "Nyanya, weka kidole gumba hapa." Akaweka. Mashine ya KIEMS, ile ya kutambua wapiga kura, ikakataa. Akaweka tena. Ikakataa. Karani akampa kitambaa apanguse, akajaribu cha shahada, cha kati, mkono wa pili. Kumi vyote. Nje foleni ilikuwa imekaa kimya. Nyanya akaigeuza mikono yake akaitazama kama ya mtu mwingine, halafu akasema, bila kunung'unika, "Vidole vyangu nimeviacha kwenye makuti, mwanangu."

Moyo wangu uliruka. Nilidhani tutarudishwa. Lakini karani hakubabaika hata kidogo. Akamwita msimamizi wa kituo, msimamizi akawaita mawakala wa wagombea wasogee, wakaingiza namba ya kitambulisho kwenye mashine, na uso wa nyanya ukatokea pale kwenye kioo, wa miaka mitatu minne nyuma, na jina lake kamili. Mawakala wakautazama uso ule, wakamtazama yeye, wakakubali. Kisha ikaletwa fomu ya karatasi ya kuthibitisha kwamba ametambuliwa kwa njia hiyo, na akaombwa atie dole gumba. Alibonyeza kwenye wino, akabonyeza kwenye karatasi. Alama iliyotoka ilikuwa duara jeusi tupu, hakuna mstari hata mmoja ndani yake.

Hili nataka lijulikane, hasa kwa wenye wazee wakulima, wavuvi, wasukaji: mashine kushindwa kusoma vidole si mwisho wa haki ya mtu. Kuna njia ya namba ya kitambulisho mbele ya mawakala, na fomu yake inaitwa 32A. Usikubali mzee wako aondoke kabla haijatumika.

Nilimuuliza kama nimsaidie kutia alama. Sheria inaruhusu asiyejua kusoma kuingia na mtu anayemwamini. Akasema, "Picha naziona." Akaingia nyuma ya kile kizuizi cha kadibodi peke yake. Alikaa humo muda mrefu. Nilikuwa naona miguu yake tu, na pindo la leso. Karani alitazama dirishani. Mwisho akatoka na karatasi ameikunja mara nyingi kuliko inavyohitajika, imekuwa ndogo kama hirizi, akaisukuma kwenye tundu la sanduku, akakaa pale kidogo akisikiliza, kama anataka kuisikia ikitua.

Yangu ilichukua dakika nne, chumba cha pili.

Mchana haukuwa na mengi. Foleni iliisha mapema, na kufikia saa nane makarani walikuwa wanapunga hewa. Hilo lilinihuzunisha. Nilizunguka nyumba tatu za rafiki zangu wa utotoni. Mmoja yuko kazini Mombasa hakupewa ruhusa, mwingine alisema atakwenda baadaye na hakwenda, wa tatu akaniuliza Dori ameshakufa, huyu mwingine atafanya nini kwa miezi ishirini. Sikuwa na jibu la kumtosheleza. Nilimwambia tu nyanya ameshatoka.

Saa kumi na moja jioni milango ikafungwa, hesabu ikaanza mle mle ndani. Uzuri wa uchaguzi mdogo ni kwamba karatasi ni ya aina moja tu. Hakuna rais, gavana wala seneta. Kutoka nje tulisikia sauti ya msimamizi akitaja jina moja moja, na tulijua kila linapotajwa karatasi imeinuliwa juu mawakala waione. Magharibi ikaadhiniwa, Isha ikaadhiniwa, na usiku ule haukuwa na mwezi.

Walipomaliza, fomu 35A, yaani matokeo ya kituo, ikabandikwa mlangoni. Tukasogea, barakoa na yote, na tochi za simu. Kijana mmoja ambaye simu yake ilikuwa imezima alinakili namba zote kwa biro kwenye kiganja chake, jina la mgombea kwenye kila kidole na kura zake chini yake, akafunga ngumi akaenda zake mbio kwa babake asiyeweza kutembea. Saa tatu tulikuwa nyumbani sote.

Jumatano, 16 Desemba: Bodo

Redio iliwashwa tangu alfajiri. Feisal Bader ameshinda kwa kura 15,251, Omar Boga amepata 10,444. Kijijini wengine walipiga vigelegele, wengine walifunga milango wakalala. Hakukuwa na ugomvi; adhuhuri wote walikuwa msikiti mmoja.

Watangazaji walikuwa wanaeleza maana yake kwa Ruto na kwa Raila. Nyanya alinipa ishara nipunguze sauti. Akauliza walioandikishwa Msambweni nzima ni wangapi. Nikamwambia kama elfu sitini na tisa. Hakusoma shule, lakini makuti ameyauza kwa mamia maisha yake yote na hesabu haimpigi chenga. Alinyamaza kidogo.

"Wengine walikuwa wapi?"

Nikaanza kumweleza, kazi, umbali, corona, watu kuchoka na siasa. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akavuta rundo la majani akaendelea kushona, na mimi nikamshikia ufito mpaka alasiri.

Alhamisi, 17 Desemba: Bodo – Nairobi

Boda ya saa kumi na moja alfajiri, matatu moja kwa moja hadi Likoni shilingi 300, feri, kisha matatu ya 100 kwenda stesheni ya Miritini. Safari hii nilikuwa nimekata tiketi ya treni kwa simu tangu Jumapili, daraja la kawaida shilingi 1,000. Desemba fanya hivyo, tena siku nyingi kabla. Fika stesheni saa moja na nusu kabla ya treni kuondoka kwa sababu ya ukaguzi, na beba chakula.

Nilikuwa na mfuko wa maembe aina ya ngowe, bado mabichi, mabuyu, na mkate wa sinia uliofungwa kwa gazeti lenye picha za wagombea. Mama aliyeketi mbele yangu aliona wino kidoleni akauliza nilikuwa wapi. Ni wa Taita. Huko nako, Wundanyi/Mbale, walikuwa na uchaguzi mdogo wa diwani siku hiyo hiyo, naye alikuwa amekwenda kupiga yake kisha akashuka Mombasa kwa bintiye. Akanyoosha mkono, tukaweka vidole vyetu sambamba juu ya meza. Wake ulikuwa umeanza kutoka, anafua sana. Tukala mkate pamoja mpaka Mtito Andei, halafu tukalala.

Hesabu yote ya nauli: kwenda 1,930, kurudi 1,600, jumla 3,530. Chakula hakikufika 600, kwa sababu watu walinilisha. Siku za kazi nilizopoteza ni nne.

Maembe yaliiva juu ya kabati siku ya Krismasi. Nyanya alipiga wiki iliyopita kuuliza kama yalikuwa matamu, na kuuliza kama mbunge ameshaapishwa. Nikamwambia bado, Bunge liko likizoni mpaka Februari.

"Basi kiti kingali wazi," akasema, na akataka nimpigie siku kitakapokaliwa.